Luteni aliyeichezea Uskoti raga na soka: uchambuzi wa kisa cha Henry Renny-Tailyour

Jumatatu, tarehe 5 Februari 1872, luteni mmoja wa jeshi la Malkia Victoria, umri wake miaka 22, aliingia uwanja wa Kennington Oval kusini mwa London kuichezea Uskoti raga dhidi ya Uingereza. Tarehe 8 Machi 1873 aliingia tena uwanja huohuo, mpinzani akiwa yuleyule, ila safari hii mchezo ulikuwa soka, naye akafunga bao. Kati ya mechi hizo mbili ipo miezi kumi na tatu na siku tatu. Luteni huyo ni Henry Waugh Renny-Tailyour, na hadi leo hakuna mwanamume mwingine aliyeichezea timu ya taifa ya Uskoti katika michezo yote miwili.

Wanaosimulia habari zake hupenda kuishia kwenye kipaji. Kipaji alikuwa nacho, tena cha kumwaga: kriketi aliicheza kwa kiwango cha juu vilevile. Lakini enzi zile vijana wenye miguu na mapafu kama yake walikuwa wengi, na hawakupata alichopata. Ukikitazama kisa chenyewe kwa karibu unaona kwamba kilichombeba zaidi ni mahali alipopangiwa kazi, ukaribu wa mahali hapo na London, na uhaba wa fedha wa Waskoti. Tuanze na mahali.

Alizaliwa tarehe 9 Oktoba 1849 Mussoorie, mji wa milimani kaskazini mwa India, ambako baba yake alikuwa afisa mhandisi katika jeshi la Bengal. Ukoo wao ulikuwa na shamba la Borrowfield karibu na Montrose, pwani ya mashariki ya Uskoti. Alisomeshwa Cheltenham College, akaingia chuo cha kijeshi cha Woolwich, na mwaka 1870 akapata uluteni katika Royal Engineers, kikosi cha wahandisi. Kwa hiyo huyu “Mskoti” alizaliwa Asia, akasoma Uingereza na kulala katika kambi ya Kent, jimbo la kusini-mashariki mwa Uingereza. Wakati ule halikuwa tatizo kwa yeyote, maana kanuni ya kuamua nani ni Mskoti haikuwapo. Baba mwenye asili ya Uskoti alitosha.

Maafisa wa Royal Engineers waliomaliza Woolwich walipelekwa Chatham, mji wa Kent, kwenye shule ya uhandisi wa kijeshi iliyokuwa kambi ya Brompton. Huko walikaa kama miaka miwili wakijifunza kupima ardhi, kujenga madaraja, kuchimba mahandaki, ngome na simu ya waya. Msomaji wa pwani ya Afrika Mashariki anamjua mmoja wa waliokuwapo Chatham miaka hiyohiyo bila kujua kwamba anamjua: Kitchener alipata cheo chake katika kikosi hicho Januari 1871 na akasoma hapo hadi 1873. Ndiye aliyekuja baadaye kuwa mjumbe wa Waingereza katika tume ya kupima mipaka ya bara ya Sultani wa Zanzibar, kazi iliyozaa ule ukanda wa maili kumi. Na mhandisi aliyeongoza upimaji wa njia ya reli kutoka Mombasa hadi Ziwa Victoria mwaka 1891 na 1892, Macdonald, alikuwa wa kikosi hichohicho.

Sasa tazama hali hiyo kwa jicho la mchezo. Mahali pamoja pana vijana kadhaa wa miaka 20 hadi 24, wenye afya iliyokaguliwa, wanaolala na kula pamoja, wenye mshahara, na ratiba inayowaachia alasiri kadhaa kwa wiki. Klabu nyingine za London zilikuwa za makarani, mawakili na wanafunzi waliokutana Jumamosi tu, tena wakifika pungufu. Wahandisi waliweza kufanya mazoezi pamoja siku yoyote. Chatham ipo kama kilomita 50 kutoka London na reli ilikuwapo, hivyo afisa aliweza kwenda kucheza mechi ya alasiri na kurudi kambini usiku uleule. Faida hiyo inaonekana ndogo, lakini kwa mchezo usio na malipo wala bajeti ya usafiri, umbali ulikuwa nusu ya uteuzi.

Msimamizi wao alikuwa Kapteni Francis Marindin, aliyekuja kuwa rais wa chama cha soka cha Uingereza. Chini yake Wahandisi walitajwa miongoni mwa timu za kwanza kucheza kwa kupasiana. Kabla yao mtindo uliotawala ulikuwa mchezaji mmoja kukokota mpira mpaka anyang’anywe, huku wenzake wakimfuata nyuma tayari kuudaka ukimponyoka. Kupasiana kunahitaji watu waliozoeana, na watu wanaoishi bweni moja huzoeana haraka. Hesabu inayonukuliwa ya misimu minne kuanzia 1871 hadi 1875 ni mechi 86, ushindi 74, kufungwa mara 3 tu, mabao 244 dhidi ya 21.

Hapo mtu atauliza: kama Chatham ilikuwa ya soka, raga iliingiaje?

Jibu ni kwamba mwaka 1872 michezo hii ilikuwa bado ndugu wa tumbo moja. Chama cha raga cha Uingereza kiliundwa tarehe 26 Januari 1871, na mechi ya kwanza ya kimataifa ikachezwa Raeburn Place, Edinburgh, tarehe 27 Machi mwaka huo, Uskoti ikashinda. Mechi ya Oval ya 1872 ilikuwa ya pili tu katika historia. Kila upande ulikuwa na watu ishirini. Kumi na watano walikuja kuanza mwaka 1877. Katika ishirini hao, kama kumi na watatu walikuwa mafowadi, na kazi yao haikufanana na ya mafowadi wa leo. Skramu ilikuwa kundi la watu waliosimama wima, wakisukumana, wakijaribu kuupiga mpira kwa mguu upite katikati ya miguu ya wapinzani. Kuuvuta nyuma kwa kisigino kwenda kwa wenzako kulionwa kuwa ujanja usio wa kiungwana. Mpira ukichomoka upande wa pili, mafowadi waliukimbiza wakiukokota kwa miguu, kundi zima kwa pamoja. Na aliyekamatwa na mpira mkononi alipaswa kuuweka chini, skramu ikaanza upya.

Maana yake ni kwamba fowadi hodari wa raga wa 1872 alikuwa mkokotaji mpira. Stadi hiyohiyo ndiyo iliyotakiwa katika soka. Zaidi ya hapo, mechi ya raga iliamuliwa kwa mabao peke yake, na bao lilipatikana kwa mguu. Kugusisha mpira chini nyuma ya mstari wa mpinzani, yaani trai, hakukuwa na pointi hata moja. Kulikupa tu haki ya kujaribu kuupiga mpira juu ya mwamba, katikati ya milingoti. Njia nyingine ilikuwa kuudondosha mpira mchezo ukiendelea na kuupiga unapodunda. Pengo lililopo leo kati ya mchezaji wa raga na wa soka, la uzito, la misuli ya shingo, la miaka ya mafunzo tangu utotoni, lilikuwa bado halijatokea.

Mechi yenyewe ya Februari 1872 Uskoti ilipoteza. Kumbukumbu zinaandika Uingereza bao moja, bao moja la kudondosha na trai mbili. Uskoti bao moja la kudondosha, lililopigwa na Cathcart. Kwa kanuni za siku ile huo ni ushindi wa mabao mawili kwa moja, kwa kuwa zile trai mbili ambazo mkwaju wake haukupita hazikuhesabiwa. Ukikuta tovuti imegeuza matokeo hayo kuwa pointi za leo, ipuuze. Mfumo wa pointi haukuwapo, na manahodha walipanga mchezo wao wakijua hivyo.

Kuna jambo katika vikosi vya siku ile ambalo wengi hulipita. Upande wa Uingereza walikuwapo Francis D’Aguilar, aliyepata trai moja, na Charles Sherrard, ambaye alikuwa amecheza pia ile mechi ya kwanza ya 1871. Wote wawili walikuwa Royal Engineers. Kwa hiyo Renny-Tailyour alipambana na wenzake wa kikosi. Timu za taifa zilikuwa zinachota katika kisima kimoja, na aliyechota ndiye aliyeamua huyu ni wa kwao au wa wale.

Siku arobaini baadaye, tarehe 16 Machi 1872, alikuwa Oval tena, sasa katika fainali ya kwanza kabisa ya Kombe la FA, Royal Engineers dhidi ya Wanderers. Wahandisi ndio waliopewa nafasi kubwa. Dakika kumi hazijaisha vizuri, Luteni Edmund Creswell akavunjika mfupa wa mtulinga. Mchezaji wa akiba hakuwapo kwa sheria za wakati ule. Creswell akabaki uwanjani na maumivu yake hadi mwisho, pembeni, ambako angeleta madhara kidogo. Wanderers wakashinda 1–0 kwa bao la Morton Betts, aliyekuwa amejiandikisha kwa jina la kubuni. Kwa timu iliyotegemea kupasiana, mtu mmoja akipungua mnyororo mzima unakatika.

Ukijumlisha matukio haya utaona Oval imejirudia mno. Katibu wa chama cha soka tangu 1870 alikuwa Charles Alcock, na mapema 1872 mtu huyohuyo akawa katibu wa klabu ya kriketi ya Surrey, wenyeji wa uwanja. Aliyepanga mechi ndiye aliyeshika funguo. Kwa afisa wa Chatham hilo lilimaanisha kwamba raga ya kimataifa, soka ya kimataifa na fainali za kombe vilikuwa vyote ndani ya safari moja ya treni aliyoizoea. Angekuwa na kazi Edinburgh au Dublin mambo yangekuwa mengine kabisa.

Fedha ndiyo iliyomaliza kazi. Mechi ya kwanza rasmi ya soka kati ya mataifa haya ilichezwa Glasgow tarehe 30 Novemba 1872, ikaisha 0–0. Uskoti wote siku ile walitoka klabu moja, Queen’s Park. Renny-Tailyour hakuwamo, na hakukuwa na sababu ya kumsafirisha kutoka Kent. Mechi ya marudiano ilipopangwa London Machi 1873, mizani ikageuka. Chama cha soka cha Uskoti hakikuwapo bado, kiliundwa Glasgow tarehe 13 Machi 1873, siku tano baada ya mechi, na Waskoti hawakuwa na fedha ya kuwasafirisha wachezaji wote kumi na mmoja. Wanane wakapandishwa treni. Nafasi tatu zikajazwa na watu waliokuwa tayari kusini: Arthur Kinnaird wa Wanderers, na kutoka Chatham maluteni wawili, John Blackburn na Renny-Tailyour. Hivyo ndivyo nauli ya treni ilivyoamua moja ya rekodi za kudumu za michezo ya Uskoti.

Wahandisi safari hii pia walikuwa pande zote. Alfred Goodwyn na Pelham von Donop walivaa jezi ya Uingereza, Blackburn na Renny-Tailyour ya Uskoti; wanne kati ya ishirini na wawili, kutoka kambi moja. William Kenyon-Slaney aliifungia Uingereza mapema kabisa, na hilo ndilo bao la kwanza kuhesabiwa katika soka rasmi ya kimataifa. Kenyon-Slaney naye alikuwa afisa wa jeshi aliyezaliwa India. Bao la kwanza la Uskoti likafungwa na Renny-Tailyour, jingine na William Gibb. Matokeo yakawa 4–2 kwa Uingereza. Basi bao la kwanza rasmi la kila taifa kati ya haya mawili lilifungwa na mwanajeshi mzaliwa wa India, jambo linaloeleza hali ya dola ile kuliko hotuba nyingi.

Uwanja waliochezea hatungeutambua kirahisi. Juu ya milingoti palifungwa utepe wa kitambaa futi nane kutoka ardhini, si mwamba. Penalti haikuwapo hadi 1891. Kuotea kulihukumiwa kwa wapinzani watatu, si wawili, na kuweka washambuliaji saba au wanane lilikuwa jambo la kawaida. Mazingira hayo yalimfaa mtu aliyelelewa kwenye raga: msongamano mbele, mabega kugongana, na mpira kuchomoka ghafla kwa anayeweza kuukimbiza.

Kwa nini basi hakurudi? Raga aliichezea Uskoti mara moja, soka mara moja, akaishia hapo akiwa na miaka 23 na miguu ikiwa bado mizima. Sababu ni zilezile zilizomwingiza, zimegeuka upande. Waskoti walijipanga: chama chao cha raga kiliundwa tarehe 3 Machi 1873, cha soka siku kumi baadaye. Kamati ikishakuwapo nyumbani, inataka kuona wachezaji inaowajua, na klabu zinazochangia zinataka watu wao. Waskoti wa London, waliokuwa wa lazima, wakawa wa hiari. Na soka ya Glasgow ilikuwa imepanda kiasi kwamba kumtafuta mtu Kent hakukuwa na faida.

Upande wa jeshi kulikuwa na hatari nyingine ya kudumu: kuhamishwa. Kozi ikiisha, afisa anapelekwa India, Gibraltar au popote, bila kujali kombe. Goodwyn ndiye mfano mchungu. Alikuwa beki tegemeo wa Wahandisi, akapelekwa India, na huko Roorkee akafariki Machi 1874 baada ya kuanguka na farasi, mwezi uleule timu yake ilipofungwa 2–0 na Oxford University katika fainali ya pili ya kombe kwao. Kambi iliyowakusanya vijana kwa miaka miwili ndiyo iliyowatawanya.

Renny-Tailyour alibahatika kubaki karibu vya kutosha kuiona fainali ya tatu. Tarehe 13 Machi 1875, Oval tena, Wahandisi walitoka 1–1 na Old Etonians katika upepo mkali, yeye akisawazisha. Marudio yalikuwa siku tatu baadaye, tarehe 16. Etonians hawakuweza kuwaleta wachezaji wao wote, wanne wakabadilishwa kwa kuwa na shughuli nyingine, na Cuthbert Ottaway alikuwa ameumia katika mechi ya kwanza. Wahandisi walileta watu walewale. Wakashinda 2–0, Renny-Tailyour akifunga tena. Siku za katikati ya wiki raia huwa na kazi zao; askari anahitaji ruhusa ya mkuu wake tu, na mkuu mwenyewe alikuwa shabiki. Ni kombe pekee ambalo timu ya jeshi imewahi kulichukua katika mashindano hayo.

Yaliyofuata tuyapitie haraka. Kriketi aliichezea Kent kati ya 1873 na 1883, na mwaka 1880 huko Chatham aliipigia Royal Engineers mikimbio 331 (alama za kriketi) bila kutolewa dhidi ya Civil Service. Jeshini alifika cheo cha kanali, akastaafu 1899, kisha akaingia kampuni ya bia ya Guinness mjini Dublin na kupanda hadi mkurugenzi mtendaji. Kampuni zilipenda kuwachukua maafisa wahandisi wastaafu kwa sababu walijua mashine, maji, majengo na watu. Mwanawe, Luteni Henry Frederick Thornton Renny-Tailyour, alimfuata katika kikosi kilekile na kuuawa vitani karibu na Ypres, Ubelgiji, tarehe 11 Novemba 1914, katika kombania moja na siku moja na Kapteni A. E. J. Collins, yule aliyewahi kupiga mikimbio 628 akiwa mvulana wa shule. Baba alifariki tarehe 15 Juni 1920 nyumbani Newmanswalls, Montrose.

Kumbukumbu zake zimejaa makosa madogo, na anayetaka kuzitumia ayafahamu. Jina la ukoo ni Tailyour, wala si Taylor, na Renny ni sehemu ya ukoo. Ukitafuta herufi ya T peke yake utamkosa. Cheo cha “Kanali” katika orodha za mechi za 1872 ni cha kubandikwa baadaye. Wakati ule alikuwa luteni. Kosa la tatu ni zito zaidi. Mara nyingi husemwa alifunga bao la kwanza la Uskoti katika soka, bila neno “rasmi”. Kati ya 1870 na 1872 Alcock alipanga mechi tano Oval kati ya Waingereza na Waskoti waliokuwa wakiishi zaidi London, na katika ya kwanza, tarehe 5 Machi 1870, Robert Crawford aliifungia Uskoti, mechi ikaisha 1–1. Mechi hizo hazimo katika orodha rasmi kwa sababu timu za Uskoti zilikusanywa na Alcock mwenyewe. Zilihesabika kuwa za mzaha kiasi kwamba manahodha wa raga wa Uskoti walitoa changamoto ya Desemba 1870 kwa lengo la kuonyesha Uskoti halisi, na changamoto hiyo ndiyo iliyozaa mechi ya Raeburn Place.

Pia asichanganywe na Waingereza watatu waliofanya jambo kama lake: Reginald Birkett, raga 1871 na soka 1879, Charles Wilson, raga 1881 na soka 1884, John Sutcliffe, raga 1889 na soka 1893. Hao walihitaji miaka minane, mitatu na minne. Katika jedwali la Uskoti mstari wake uandikwe hivi: raga mechi 1, kufungwa, soka mechi 1, kufungwa, bao 1. Fainali tatu za kombe na ushindi wa 1875 ziwekwe safu ya klabu, maana hizo alizicheza kwa jina la Chatham.